Sinia la Arobaini: Aliyebaki Uso Wazi

Tulimwacha Mize kizimbani, mdomo wazi, neno limemkaa kooni kama mwiba wa changu, na mahakama nzima inamsubiri alitoe. Wapo waliobishana wiki nzima barazani kama atalisema au atalimeza. Waliosema atalimeza, poleni.

"Mjakazi," alisema Mize.

Hakulinong'ona. Alilitamka kwa sauti ile ile anayoitumia kumwambia mteja kwamba suruali iko tayari.

"Alinambia: 'Mjakazi we, toka kwenye sinia la mabibi zako. Wenzio hula jikoni, tena chunguni.' Kisha akanipiga bakora ya mkono."

Kalamu ya karani ikasimama. Watu wa kwenye mabenchi wakavuta pumzi kama waliomwagiwa maji ya kisima. Si kwamba neno lile walikuwa hawalijui. Walilijua vizuri sana, ila ni neno la kusemwa nyumbani, mlango umerejeshwa, mwenye kusemwa ameshatoka. Kulisema mchana mbele ya hakimu, tena akalisema yule yule aliyetukanwa! Hapo ndipo walipoona utovu wa adabu.

Kwa uliyeikuta hadithi njiani, sikiliza haraka. Mize Pandu ni mshoni wa sare za skuli pale Mtambile. Alikwenda kwenye arobaini ya Mzee Marhoun, mwenye mashamba ya mikarafuu, au tuseme yale yaliyosalia baada ya Mapinduzi. Alipika tangu alfajiri. Chakula kilipopakuliwa, sinia moja la wanawake likawa na watu watatu, na sinia haliliwi na watatu pakiwa na mtu wa nne. Bi Jawaher, mjane wa marehemu, akamwita Mize alikamilishe.

Tonge la tatu halijafika mdomoni, Maher, mtoto wa marehemu, akaingia chumba cha wanawake. Hodi hakupiga. Bakora aliyokuwa nayo ni ya babake. Kifundo cha mkono wa kulia wa Mize kilivunjika mahali pawili, na mshoni asiyeweza kuzungusha gurudumu la cherehani ni sawa na cherehani isiyo na sindano.

Sasa ni miezi saba baadaye, mwaka 1998. Leo upande wa mashitaka unafunga ushahidi wake, na hakimu atasema kama Maher ana kesi ya kujibu au hana. Akisema hana, Maher anakwenda nyumbani kula wali, na Mize anarudi Mtambile akiwa mwongo mwenye mkono mmoja.

Wakili wa Maher alisimama. Soud, kijana wa Unguja, viatu vinang'aa mpaka vinamtazama mwenyewe.

"Bi Mize, bibi yake mama yako aliitwa nani?"

"Tufaha."

"Tufaha binti nani?"

"Binti Abdalla."

"Abdalla yupi? Wa wapi? Wa kabila gani?"

Kila mtu mle ndani alijua kwamba watu walioachwa huru zamani, wakikosa jina la baba, waliandikiwa Abdalla.

"Sijui," alisema Mize.

Soud akamgeukia hakimu kwa furaha ya mtoto aliyeokota shilingi. "Hajui, Mheshimiwa. Sasa hata kama mteja wangu alilisema neno hilo, jambo ambalo tunalikana, tusi liko wapi?"

"Liko hapa," Mize alisema, akauinua mkono uliopinda.

"Jibu unaloulizwa tu, Bi Mize," hakimu alisema.

"Nimeulizwa tusi liko wapi, Mheshimiwa. Nimelionyesha. Na aliyemuuza bibi yangu, jina lake na la babuze mpaka wa saba mnalijua, mnalisoma kila mwaka kwenye hitma. Mie nisiyejua ndiye nione haya?"

Kule nyuma mtu mmoja alikohoa kikohozi cha kuficha kicheko. Maher, kizimbani kwake, kanzu nyeupe, alitabasamu kama aliyeletewa mgeni mchekeshaji.

"Mheshimiwa," Soud alisema, "hizi ni siasa. Huyu mama ni wa chama kile, mteja wangu wa chama hiki."

Uongo mtupu, maana Mize hakuwa na kadi hata ya kliniki. Miaka hiyo watu wa Pemba walikuwa hawaendeani hata mazikoni kwa ajili ya vyama. Mtu alivuka maduka matatu akanunue chumvi kwa mwenye bendera yake. Lakini mle mahakamani chama hiki na chama kile walikaa benchi moja, bega kwa bega, wakimtazama Mize kwa jicho moja. Walipokosa la kuwapatanisha, walimpata yeye.

Mize aliteremka. Akaitwa shahidi.

Asma ni jirani yake Mize. Siku ile ya arobaini alikaa sinia la pili, hatua tatu tu kutoka pale bakora ilipoangukia. Inspekta Himid, mwendesha mashitaka, mtu mwembamba mwenye kofia kubwa kuliko kichwa, alimuuliza kwa upole kama anayembembeleza mbuzi apande gari.

"Bi Asma, ulimuona aliyempiga Bi Mize?"

"Nilisikia, bwana."

"Ulimuona?"

"Nilisikia bakora, nikasikia mfupa, nikasikia Mize analia."

"Nauliza macho, Bi Asma. Masikio nimeshayaandika."

Asma akaukaza mtandio. "Kaingia mwanamme, bwana. Sisi wanawake tumekaa vichwa wazi, tunakula. Nilijifunika uso. Ulitaka nimtazame? Mume wangu yule pale!"

Mumewe, benchi la tatu, aliitikia kwa kichwa kama aliyepewa zawadi.

Shahidi aliyefuata alijifunika. Wa baada yake alijifunika. Mmoja alisema alijifunika akamfunika na mwenzake, kwa thawabu. Himid alikuwa na maelezo ya wanawake kumi na wanne kwenye faili lake, na wote kumi na wanne walikuwa chini ya kanga.

"Chumba kilikuwa na wanawake thelathini," hakimu alisema, akivua miwani. "Mtu amevunjwa mkono katikati ya sinia la wali. Hakuna aliyeona?"

"Ndiyo heshima ya wanawake wa Pemba, Mheshimiwa," Soud alisema, mkono kifuani. "Na sauti si mtu. Sauti ya Maher hata mie naweza kuiga. Naomba mteja wangu aachiwe."

Hakimu akatazama saa. "Nusu saa. Watu wasali adhuhuri. Mwendesha mashitaka, ukirudi bila jicho, nitaandika uamuzi."

Nje, Himid alimvuta Mize pembeni ya ukuta.

"Bi Mize, nimekwisha. Mtu wa kuona ni yule asiyelazimika kujifunika. Nani hajifuniki kwa Maher? Mkewe na mamake. Mke siwezi kumlazimisha aje kumsema mumewe. Mama nikimwita atasema alikuwa anapakua mchuzi."

Maneno ya Himid yalimrudisha Mize sakafuni, siku ile, shavu lake limelala juu ya mkeka na punje za pilau. Alikumbuka chumba kizima kimegeuka nguo: kanga, mitandio, mabuibui yamevutwa kwa papara. Alikumbuka nyuso tatu zilizobaki wazi. Bi Jawaher, na mwiko mkononi. Raniya, mke wa Maher, binti wa ukoo wao kutoka Wambaa, kashika mdomo. Na mlangoni, kasimama na birika la kuoshea mikono, kanga imemteremka mabegani, nywele za mvi nje, wala hana habari ya kujifunika, alikuwa ni mamake mwenyewe Mize. Bi Kazija.

Bi Kazija, ambaye kule polisi aliandikisha: "Nilijifunika, sikuona kitu." Miezi saba Mize alimkasirikia kwa karatasi ile. Leo, badala ya hasira, likamjia swali.

Alimkuta mamake amekaa kwenye ngazi ya nyuma, peke yake, anatafuna tambuu. Mashahidi hukaa nje, na yeye alikuwa nje tangu asubuhi, jina lake liko mkiani mwa orodha.

"Mama, siku ile ulikuwa kichwa wazi."

"Nani kasema?"

"Mie. Nilikuona kutoka chini."

"Weye ulikuwa umezimia."

"Nilizimia baada ya kukuona. Mama, weye hata muuza samaki akipita unajitanda. Maher aliingia, na kanga hukuigusa. Kwa nini?"

Bi Kazija alitema tambuu, akaifuta midomo taratibu, kila upande.

"Unamuogopa?" Mize aliuliza.

"Nimuogope Maher? Nimemwona hana meno."

"Basi unamficha kwa nini? Mie si ndiye mwanao? Mkono wangu huu umeuosha weye, umenilisha weye kwa kijiko kama kitoto, halafu ukaenda polisi ukawaambia hukuona! Mama, mimi na yeye nani wako?"

Bi Kazija akamtazama kwa jicho ambalo Mize hakuwahi kuliona, jicho la mtu aliyepigwa mahali pale pale penye kidonda.

"Usinulize hivyo," alisema. "Yupo mtu nnayemhurumia, na si Maher."

"Nani?"

Askari alitoa kichwa mlangoni. "Kazija binti Silima!"

Himid, kwa kukosa pa kushika, alikuwa ameamua kuita jina la mwisho.

Kikongwe alisimama. Akafika hadi mlangoni, akageuka. "Mwanangu askari, mfereji uko wapi? Nataka udhu."

"Bibi, hakimu amekaa!"

"Na Msahafu nao umekaa. Siushiki hivi hivi."

Basi mahakama nzima ilisikiliza maji ya mfereji. Soud alichezea kalamu, akamnong'oneza Maher kitu, wakacheka wote wawili. Mize hakucheka. Tangu utotoni alijua kitu kimoja juu ya mamake: bila udhu, Bi Kazija aliweza kukuambia muhogo ni ndizi. Akishatawadha, haongopi hata kwa paka.

Aliapa. Himid aliuliza kama mtu anayerusha jiwe gizani.

"Bi Kazija, siku ya arobaini ulimuona aliyempiga Mize?"

"Nlimuona."

Mabenchi yakaguna. Himid kofia karibu imwanguke.

"Nani?"

"Yuno hapa. Maher bin Marhoun. Kaingia na bakora ya babake, ile yenye kichwa cha fedha. Kasema maneno aliyoyasema, Mize kashawaambieni, mie siyarejei na udhu wangu. Kisha kapiga. Mara moja. Angepiga ya pili lakini mkewe alimshika kanzu."

Soud alikuwa ameshasimama kabla Himid hajakaa.

"Bi Kazija, polisi ulisema ulijifunika."

"Nliongopa."

"Aa! Uliongopa. Na leo?"

"Leo nimetawadha."

Kicheko kidogo, hakimu akagonga meza. Soud akasogea karibu, sauti imelainika kama mafuta ya nazi.

"Bibi yangu, wanawake wote wa heshima walijifunika. Wewe peke yako ulisimama kichwa wazi ukimkodolea macho mwanamme asiye maharimu yako. Ama unamwongopea hakimu, ama huna haya. Chagua moja."

Mtego ulikuwa mzuri. Mize aliuona ukifunguka, akataka kupiga kelele. Bi Kazija hakuonekana kuharakishwa.

"Mama hajifuniki kwa mwanawe," alisema.

Soud akapepesa macho. "Mwanawe nani?"

"Yuno."

"Yuno yupi?"

"Huyo unayemtetea, baba. Nimemnyonyesha. Mwezi aliozaliwa Maher, Bi Jawaher alishikwa na homa ya uzazi, maziwa yakakatika. Mie nilikuwa na Mize, miezi miwili. Mzee Marhoun alikuja mwenyewe mlangoni pangu, kavua viatu, kampakata mtoto analia mpaka kawa mweusi. Akanambia, 'Kazija, nisitiri.' Nikamsitiri. Miezi mitano."

Maher alicheka. Kilikuwa kicheko kikubwa, kikakatika ghafla, maana alikuwa amemgeukia mamake amtafute wa kucheka naye, na Bi Jawaher, benchi la mbele pamoja na mkwewe Raniya, alikuwa anatazama sakafu.

"Mama?" alisema Maher.

Bi Jawaher alizidi kuitazama sakafu.

"Mama, mwambie mchawi huyu anyamaze! Mie nimnyonye..."

Neno lile lilimfika mdomoni. Mahakama nzima ililiona limefika. Hakimu aliinua kalamu, tayari kuliandika, na Maher kwa mara ya kwanza maishani mwake akalimeza.

Mize alikuwa amekaa, mkono wake mbovu umelala mapajani. Alikuja mahakamani kutafuta haki, akapewa kaka. Ziwa lile lile. Alijaribu kutafuta uso wake katika uso wa mtu yule wa kanzu nyeupe, asiuone. Huyu alikula kwake kabla hajaota meno, na alipoyaota alikuja kumfukuza yeye kwenye sinia.

"Bi Kazija," hakimu alisema. Sauti yake ilikuwa imebadilika, maana kabla ya sheria za serikali alisoma chuoni kwa shehe, miaka mingi. "Unaijua maana ya unalolisema? Mtoto akishanyonya kwako mara tano za kushiba, ni mwanao. Wanao ni nduguze. Hata kuoana ni haramu."

"Naijua, baba hakimu. Ndiyo iliyonifunga mdomo."

Mize hakuelewa. Yeye na Maher nani angewaoza?

Soud naye hakuelewa, lakini wakili anayeona kesi inamponyoka hana muda wa kuelewa. "Mheshimiwa, hadithi! Mzee Marhoun amekufa. Bi Jawaher hajaitwa. Mtu yeyote anaweza kuja hapa akasema kamnyonyesha hata hakimu! Bi Kazija, nani shahidi wako? Nani mwingine anayelijua jambo hili?"

Bi Kazija alishika ukingo wa kizimba kwa mikono miwili.

"Baba hakimu, mwambie asinulize hilo."

"Kwa nini?"

"Kwa sababu nshaapa. Akinuliza, ntajibu."

"Mheshimiwa, hana!" Soud alisema kwa ushindi. "Mnaona? Hana!"

Hakimu aliuma miwani yake. Alimtazama Bi Kazija kwa muda, kisha Soud. "Wakili, una hakika unalitaka jibu?"

Kabla Soud hajafungua mdomo, Maher alipiga ngumi kwenye mbao za kizimba.

"Ajibu! Amtaje! Leo hatoki mtu hapa mpaka amtaje huyo shahidi wake!"

Bi Kazija alifumba macho. Alipoyafumbua yalikuwa na maji.

"Umetaka mwenyewe, mwanangu," alisema. "Hukuwa peke yako. Ziwa la kulia lilikuwa la Mize. La kushoto nimewapa watoto wawili wa ukoo wenu. Wa kwanza ni weye. Wa pili aliletwa mwaka wa pili, kichanga, kutoka Wambaa, mamake amelazwa. Alikaa kwangu siku ishirini na moja, anashiba usiku na mchana. Mlipokua, nilikwenda kwa Bi Jawaher nikamwambia, jambo hili msilifanye. Akanambia matone mawili hayaharamishi kitu, na kwamba nikifungua mdomo nitawaua watu. Nikanyamaza. Miaka kumi na minane nimenyamaza, na watoto wanne wamezaliwa."

"Mtoto gani huyo?" aliuliza hakimu, ingawa kalamu alikuwa ameshaiweka chini.

Bi Kazija hakulitaja jina. Macho yake tu yalikwenda polepole, yakamvuka Maher, yakamvuka Soud, yakaelekea benchi la mbele la wanawake. Mize aliyafuata.

Pale benchini, mkono wa Bi Jawaher uliruka kabla akili yake haijauzuia. Alishika pindo la mtandio wake mwenyewe, akamtupia mkwewe aliyekaa ubavuni mwake, akamfunika kichwa na uso, kwa papara ile ile ya wanawake wa siku ya arobaini. Na mle ndani hapakuwa na mwanamme yeyote aliyeingia.

Raniya alikuwa na mimba ya mtoto wa tano. Hakuutoa mtandio. Alikaa chini yake, huku watu wote wamemgeukia, na Maher kasimama kizimbani ngumi bado iko juu ya mbao. Kisha sauti yake ikatoka chini ya kitambaa, ndogo, ya mtu anayeuliza jambo ambalo ameanza kulijua.

"Mama," alisema, "mbona wanfunika mie?"